Free Fire, PUBG Mobile, Call of Duty: Mobile au Fortnite: mechi ya gemu lipi la vita inaisha kabla hujaitwa?

Nyumbani kwetu Nkuhungu, Dodoma, Jumamosi asubuhi ni siku ya kupeleka mahindi mashine. Mama anayachambua, anayajaza kwenye ndoo, kisha anamwita mdogo wangu. Na mdogo wangu, aliyemaliza kidato cha nne na bado anasubiri kupangiwa pa kwenda, anajibu kutoka chumbani: "Mama, naomba dakika mbili, hii haisimami." Mama hulichukua jibu hilo kama utovu wa adabu. Redio inazimwa, anasema, televisheni inazimwa, hata mpira una mapumziko. Ni kitu gani hicho kisichosimama?

Mimi ni fundi simu, nina meza yangu Majengo, na swali hilohilo linanifikia kila siku kwa sura nyingine. Kijana ananunua simu, anataka nimwekee gemu la vita, anauliza lipi zuri. Zamani nilikuwa naangalia simu yake tu. Siku hizi namuuliza kwanza: unacheza saa ngapi, na nani anakuita wakati unacheza? Jibu la hapo ndilo linaloamua.

Mdogo wangu alikuwa anasema kweli. Mechi ambayo watu wanarushwa kisiwani kwa parashuti na kupigana hadi abaki mmoja, au kikosi kimoja, inachezwa papo hapo na watu walioko kila mahali. Hakuna kitufe cha kusimamisha. Ukiweka simu chini, mtu wako anabaki amesimama porini kama kichuguu, na wa kwanza kumwona atamlaza. Lakini mama naye alikuwa na haki yake, kwa sababu "dakika mbili" ya mdogo wangu haikuwahi kuwa dakika mbili. Alikuwa hajui kuhesabu mechi yake mwenyewe.

Saa za aina mbili ndani ya mechi moja

Kila mechi ya namna hii ina saa za aina mbili za kuhesabia muda. Ya kwanza ni ya mechi yenyewe, na inaendeshwa na duara. Eneo salama linasinyaa kwa awamu: linatulia, linabana, linatulia tena kwa muda mfupi zaidi, linabana tena. Aliye nje anapungukiwa na afya, taratibu awamu za mwanzo, kwa kasi kubwa awamu za mwisho. Duara la mwisho linafumba kabisa. Hata waliobaki wawili wakilala kwenye nyasi wakiogopana, muda utafika watakosa pa kulala. Ndiyo maana kila ramani ina ukomo wake, na ukomo huo haubadiliki sana kutoka mechi hadi mechi.

Saa ya pili ni ya kwako wewe. Hiyo inaweza kukatika sekunde kumi baada ya miguu kugusa ardhi, ukiwa hujaokota hata bastola. Kwenye PUBG Mobile, ukijumlisha dakika moja ya kusubiri kabla ya ndege kuondoka, safari ya ndege na kushuka kwa parashuti, anayekufa mlangoni mwa nyumba ya kwanza huko Pochinki, mji wa ndani ya gemu unaokimbiliwa na wengi, atakuwa ametumia kama dakika tatu hivi.

Wengi wanachagua gemu kwa saa hii ya pili, na hapo ndipo ugomvi wa nyumbani unapoanzia. Mtu anakumbuka kwamba jana alikufa mapema mara nne, basi anasema "hii ni ya haraka". Ahadi yake inavunjika siku anayocheza vizuri. Kwa hiyo ninapolinganisha hapa chini nahesabu muda wa mshindi, yaani muda mrefu zaidi ambao mechi inaweza kukushika.

Free Fire na Erangel ya PUBG Mobile, ana kwa ana

Hizi mbili ndizo ninazoulizwa zaidi, na kwa muda zinatofautiana kuliko watu wanavyodhani.

Free Fire, iliyotoka 2017 chini ya kampuni ya Garena ya Singapore, inaweka watu 50 kisiwani. Wenyewe wanaitangaza kuwa mechi ya dakika 10. Kwa mkono wangu, ramani ya Bermuda ikifika mwisho kabisa ni kati ya dakika 10 na robo saa. PUBG Mobile ilikuja 2018, na ramani yake ya kwanza, Erangel, inachukua watu 100 kwenye mraba wa kilomita 8 kwa 8. Mshindi wa Erangel anatoka humo baada ya karibu nusu saa.

Nusu saa dhidi ya robo saa. Ukiishia hapo utasema Free Fire ina kasi mara mbili. Mimi pia niliamini hivyo hadi nilipokaa na kalamu. Chukua Erangel: kwa mechi ya mtu mmoja mmoja, lazima watu 99 watoke ndani ya dakika 30, yaani mmoja kila sekunde 18. Chukua Free Fire: 49 watoke ndani ya dakika 12, yaani mmoja kila sekunde 15. Mechi ikivuta hadi robo saa, nayo inakuwa kila sekunde 18, sawasawa na Erangel. Watu wanapungua kwa mwendo unaokaribiana. Mechi ya Free Fire inaisha mapema hasa kwa sababu imeanza na nusu ya watu.

Sasa mbona mkononi inahisi tofauti kabisa? Kwa sababu ya nafasi. Kilomita 8 ni kama kutoka katikati ya mji wetu hadi Chuo Kikuu cha Dodoma (UDOM). Piga picha ya mraba ambao kila upande una urefu huo, halafu umwage humo watu 100 tu. Kwa kila kilomita ya mraba kuna mtu mmoja na nusu. Unaweza kutua kijiji cha pembeni, ukaokota kofia ya chuma, fulana ya kuzuia risasi na begi, ukapata gari, ukaendesha dakika nane ukisikia milio kwa mbali tu kama ngoma za harusi ya mtaa wa pili. Free Fire haikupi utulivu huo. Kisiwa ni kidogo, na mara nyingi unasikia risasi kabla hujamaliza kufungua mlango wa kwanza.

Kama unachotaka ni kujua mapema iwapo siku yako ni nzuri au mbaya, Free Fire itakuambia haraka. Erangel itakuacha utembee dakika 20 bila kumwona mtu, kisha ufe kwa risasi moja usiyojua imetoka mlima gani. Hilo linauma zaidi. Nimeona vijana wazima wakiweka simu mezani kwangu kwa hasira ya namna hiyo, na kioo kikapata ufa.

Ila kuna jambo linaloipa Erangel heshima yake, nami nimelijifunza mezani pangu. Nikiwa nacheza Free Fire na mteja akaja kununua chaja, nimekufa. Dakika moja ya kutoangalia kioo ni sehemu kubwa ya mechi na watu wako karibu. Nikiwa Erangel, awamu za mwanzo, napanda ghorofani kwenye nyumba ya pembeni, nafunga mlango, najikunyata kwenye kona, namhudumia mteja, narudi. Mara nyingi nakuta niko hai. Kwa hiyo mwenye duka, wakala wa pesa za simu, yeyote anayekatizwa mara nyingi kwa muda mfupi, mechi ndefu inamvumilia kuliko fupi. Anayekatizwa mara moja lakini moja kwa moja, kama mdogo wangu na ndoo ya mahindi, anahitaji fupi.

Usiiache PUBG Mobile kabla hujabadili ramani

Kijana akiniambia "PUBG ni ndefu, nifutie", namshika mkono kwanza. Ndani yake kuna ramani zisizo na urefu wa Erangel. Sanhok ni kilomita 4 kwa 4, nayo inachukua watu 100, kwa hiyo wanabanana mara nne zaidi. Livik, iliyoingia 2020, ni kilomita 2 kwa 2, watu 52, na mechi inaisha kwa kama robo saa. Mwaka 2022 ikaja Nusa: kilomita 1 kwa 1, watu 32, dakika nane hivi. Ramani huingizwa na kutolewa kila baada ya sasisho, kwa hiyo tazama zipi ziko wazi kwenye simu yako kabla ya kupakua.

Weka hizo namba pembeni ya Erangel. Livik ina watu 13 kwa kila kilomita ya mraba, mara nane ya Erangel. Nusa ina 32, mara ishirini. Kwa hiyo anayependa bunduki za PUBG, jinsi zinavyorusha mkono na jinsi sauti ya hatua inavyosikika kutoka chumba cha pili, anaweza kubaki nazo na bado akamaliza ndani ya muda wa Free Fire. Kwangu mimi Livik ndiyo chaguo bora kwa mtu anayefanya kazi. Ina magari, ina milima ya kujificha, ina muda wa kutosha kupanga hila, na haikuli mchana mzima.

Nusa sikuipenda sana. Ukitua tu ni vurugu, na bahati inazidi akili.

Call of Duty: Mobile

Hii ilitoka Oktoba 2019. Mapigano yake ya kisiwani, kwenye ramani ya Isolated, ni ya watu 100 na yanashika kama dakika 20 au zaidi kidogo, yaani katikati ya Free Fire na Erangel. Lakini kusema kweli, wengi wanaoipakua hapa kwangu hawaendi kisiwani. Wanacheza zile mechi za timu mbili kwenye uwanja mdogo, ambako ukifa unarudi hapohapo na mchezo unaisha ndani ya dakika 10. Kama muda wako ni mdogo, sehemu hiyo ni nzuri, na ukifa mapema huondoki. Kama unachotamani ni ule moyo kudunda wakati mmebaki watatu, basi isikusumbue, chukua Livik.

Free Fire nayo ina kitu cha namna hiyo kinachoitwa Clash Squad: wanne kwa wanne, raundi fupi fupi, anayefikisha ushindi wa raundi nne ndiye mshindi. Ni kizuri sana unaposubiri foleni ya maji.

Fortnite, na mechi ya dakika tano

Fortnite ya kisiwani ilitoka Septemba 2017, watu 100, na mshindi anakaa humo dakika 20 na ushee. Kwa Dodoma si gemu la simu ya kawaida. Inataka simu yenye RAM, yaani kumbukumbu ya kufanyia kazi, ya GB 4 kwenda juu, na simu nyingi ninazofungua mezani hazifiki hapo. Wengi wanaoicheza mjini wanaichezea kwenye mashine za pleisteshoni kwenye mabanda ya gemu, wanakolipa kwa muda.

Lakini kama tunauliza mechi inaweza kuisha haraka kiasi gani, basi Fortnite ina jibu la kushangaza. Mwaka 2025 wameweka aina inayoitwa Blitz: watu 32, ramani ndogo, dakika tano hivi. Rudi kwenye hesabu yetu: 31 watoke ndani ya dakika tano ni mmoja kila sekunde 10. Hapo ndipo mwendo wenyewe unabadilika. Free Fire, Livik na Nusa zilifupisha mechi kwa kupunguza watu na kubana ardhi. Hii imeongeza na kasi ya kutoana. Dhoruba, ambayo ndiyo duara la Fortnite, inakufuata mgongoni tangu unatua, na hakuna muda wa kuchagua bunduki. Unachukua iliyoko.

Kuna na Reload, ya 2024, watu 40. Hiyo ukifa unarudi baada ya muda mfupi iwapo mwenzako wa kikosi bado yuko hai. Inatuingiza kwenye jambo ambalo naona halizungumzwi vya kutosha.

Kikosi kinabadilisha hesabu yote

Ukicheza peke yako, kifo chako ni mwisho wako. Unatoka, unaweka simu mfukoni, unabeba ndoo. Ukicheza skwadi ya wanne, unaweza kufa dakika ya pili na ukashikwa hadi dakika ya thelathini, kwa sababu wenzako wanapambana wakurudishe. Kila gemu lina njia yake: Fortnite wana gari la kuwarudisha waliokufa, PUBG Mobile wana minara ya kuitia wenzio, Free Fire na Call of Duty: Mobile nao wana namna zao. Unakaa unatazama kioo cha mwenzako, unamwelekeza kwa sauti: "kulia kwako, kwenye ukuta, kulia kwako!"

Na ukiondoka katikati unawaacha watatu wakipambana na wanne. PUBG Mobile ina alama za mwenendo zinazopungua ukizoea kukimbia wenzako, lakini adhabu kubwa zaidi ni ya kijiweni. Mdogo wangu anacheza na wenzake watatu wa mtaani. Alipowaacha siku moja kwenye duara la nne ili apeleke mahindi, walimnunia wiki nzima. Huko ndiko ile "haisimami" ilikotoka. Kijana alikuwa haringi kwa mama yake. Alikuwa amebanwa na ahadi mbili.

Ushauri wangu hapa hauna kona: saa ambayo unajua utaitwa, cheza peke yako. Skwadi iwe ya jioni, baada ya kula, vyombo vimeoshwa, na mkubwa ndani ya nyumba anajua kwamba nusu saa hii umeomba.

Simu, bando na joto

Naambiwa mara nyingi kwamba mechi ndefu inamaliza bando. Kucheza kwenyewe hakuli MB nyingi. Kinachokula ni kupakua gemu, ramani zake na masasisho, ambayo yanaweza kufika GB kadhaa. PUBG Mobile inakuruhusu kupakua ramani mojamoja, kwa hiyo kama umeamua Livik, pakua Livik na uache zilizobaki. Simu yenye nafasi ndogo, Free Fire ndiyo nyepesi kuliko zote nilizozitaja, na hata simu ya RAM ya GB 2 inaivuta. PUBG Mobile nayo kwa maandishi inakubali GB 2, lakini utaiona inaganda unapotua mahali penye watu wengi, na kuganda wakati wa kutua ni kufa.

Chaji ndiyo inayoteseka na mechi ndefu, pamoja na joto. Mwezi wa kumi na wa kumi na moja, mabati yakiwa yanatoa mlio kwa jua, nusu saa ya Erangel inaichemsha simu hadi inajipunguzia kasi yenyewe ili isiungue, na hilo linatokea kwenye duara la mwisho, pale unapoihitaji zaidi. Usicheze ikiwa kwenye chaji, na vua kava. Betri zilizovimba ninazotoa kila wiki, nyingi zimepikwa hivyo.

Kuhusu mtandao, tazama namba ya milisekunde pembeni ya kioo, inayoonyesha mtandao unachelewa kiasi gani, kabla ya kubonyeza kuanza. Ikiwa nyekundu, subiri au cheza kitu kingine. Mtandao ukikatika katikati, unaweza kufungua tena na kurudi kwenye mechi ileile kama bado hujauawa, na hapa tena Erangel inakupa nafasi kubwa kuliko Livik au Free Fire. Nimelipima hilo kwenye treni ya SGR kwenda Dar es Salaam: safari ni zaidi ya saa tatu, muda upo wa kutosha, lakini upande wa Kilosa kuna mahandaki na milima. Ukicheza mechi fupi huko, mkatiko mmoja umekumaliza.

Ningekuchagulia hivi

Unasubiri daladala ijae Sabasaba: Clash Squad, au Blitz kama simu yako inaiweza. Usianze Erangel ndani ya daladala, utapitishwa kituo. Mapumziko ya chakula kazini: Livik moja, au Free Fire moja. Duka lina wateja wa hapa na pale: Erangel peke yako, utue mbali na Pochinki. Jioni na marafiki: Erangel, skwadi, bila haraka.

Na hesabu mechi, si dakika. Ubaya wa mechi fupi ni kwamba inakuacha na njaa. Nimemwona mtu akiikataa Erangel kwa kuogopa nusu saa, kisha akacheza Free Fire nane mfululizo, kila moja ikiwa "ya mwisho". Ukiamua mbili, ziwe mbili, hata kama zote umekufa ukitua.

Mdogo wangu sasa Jumamosi asubuhi anacheza Livik, peke yake. Nilimkalisha mama nikamwonyesha lile duara kwenye ramani ndogo ya pembeni, nikamweleza kwamba likishakuwa dogo namna hii, hata mtoto akitaka kuchelewa hawezi. Alitazama mechi nzima, mikono imejaa unga. Siku hizi akimaliza kuchambua mahindi hamwiti tena kwa ukali. Anasimama mlangoni na ndoo, anauliza: "Duara la ngapi?"

"La tano, mama."

Anaweka ndoo chini, anafunga kanga yake upya, anasubiri.